Kuishi tena juu ya mawe: amani ya kila siku baada ya volkano ya Nyiragongo



Mara nyingi tunapoandika juu ya amani, tunazungumzia vita, silaha na mikutano ya wakubwa. Safari hii tunapenda kuzungumzia janga ambalo halikuletwa na mtu yeyote: moto wa volkano ya Nyiragongo, ambao umeteremka juu ya watu wa Goma na wa eneo la Nyiragongo mara tatu katika muda usiofika miaka hamsini.

Labda msomaji atauliza: volkano ina uhusiano gani na kazi ya kujenga amani? Jibu letu ni hili. Lava ikishapoa, misaada ikishagawanywa na waandishi wa habari wakishaondoka, watu wanabaki na maswali madogo madogo. Mpaka wa parseli yangu ulikuwa wapi? Nani atanirudishia garanti ya nyumba iliyoungua? Wageni walio nyumbani kwangu wataondoka lini? Kwa nini jina la jirani liko kwenye orodha ya msaada na langu halimo? Maswali hayo yakipata jibu lililokubaliwa mbele ya watu, maisha yanaendelea. Yakikosa jibu yanageuka kuwa ugomvi, na katika mkoa wetu wa Kivu ya Kaskazini ugomvi wa mpaka wa hatua mbili unaweza kupewa jina la kabila kabla ya jua kuzama.

Katika makala hii tunaeleza jinsi wananchi wa kawaida walivyoyajibu maswali hayo wenyewe, na mambo ambayo vikundi vya amani vinaweza kujifunza kwao.

YALIYOTOKEA, KWA KIFUPI

Mlima Nyiragongo una urefu wa mita 3,470 hivi, na kilele chake hakifiki kilometa 20 kutoka mjini Goma, upande wa kaskazini. Lava yake ni nyepesi, inatiririka upesi kuliko lava ya volkano nyingi duniani. Tarehe 10 Januari 1977, ziwa la lava lililokuwa ndani ya tundu la mlima lilimwagika lote kwa muda usiofika saa moja kupitia nyufa za ubavuni. Watu wa vijiji vya karibu waliopatwa na moto huo hawakupata hata nafasi ya kukimbia.

Tarehe 17 Januari 2002, nchi ikiwa bado vitani na Goma ikiwa chini ya utawala wa RCD-Goma, ubavu wa kusini ulipasuka tena. Lava ilipita katikati ya mji mpaka ikaingia Ziwa Kivu. Ilifunika karibu 13% ya mji, pamoja na maduka ya katikati, sehemu ya uwanja wa ndege na kanisa kuu la Mtakatifu Yosefu. Watu zaidi ya 100 walipoteza maisha. Makumi kati yao walikufa siku chache baadaye, kituo cha mafuta kilipolipuka huku watu wakichota mafuta karibu na lava iliyokuwa bado na moto. Watu wapatao 120,000 walibaki bila nyumba, na mamia ya maelfu walikimbilia Gisenyi nchini Rwanda, au upande wa Sake.

Jumamosi jioni, tarehe 22 Mei 2021, lava ilishuka mara ya tatu. Ilichoma vijiji vya eneo la Nyiragongo, ikakata barabara ya Goma kwenda Rutshuru, ikasimama Buhene, mlangoni mwa mji. Watu wapatao 30 walikufa na maelfu ya nyumba ziliharibika. Matetemeko ya ardhi yaliendelea siku baada ya siku. Tarehe 27 Mei gavana wa kijeshi aliamuru mitaa 10 ya Goma iondoke, kwa kuwa wataalamu waliogopa kwamba moto ulikuwa unasafiri chini ya mji mpaka chini ya ziwa. Maji ya ndani ya Ziwa Kivu yamebeba gesi nyingi sana, na dunia haijasahau Ziwa Nyos la Kamerun, ambalo gesi yake iliua watu zaidi ya 1,700 mwaka 1986. Watu wapatao 400,000 waliondoka kwa miguu, kwa pikipiki, kwa malori na kwa mashua: Sake, Minova, Bukavu, Rutshuru, Rwanda. Mlipuko uliogopwa haukutokea, na mwezi wa Juni watu walianza kurudi.

KWA NINI WATU WANARUDI?

Mwaka 2002 watu wengi walirudi Goma katika siku chache, wakikanyaga lava iliyokuwa imeganda juu na bado nyekundu ndani. Watu wa mbali walishangaa. Wengine walisema ni ukaidi au kutojua. Sisi tunaoishi nao tunasema ni hesabu.

Kwanza, Goma ni mji wa kula kwa siku. Mama anayeuza sambaza sokoni anapata leo cha kulisha watoto leo. Kijana wa chukudu anayeteremsha makala na viazi, motari, fundi cherehani, wote hawana mshahara unaowangoja mwisho wa mwezi. Siku tatu bila kazi ni siku tatu bila chakula.

Pili, kukaa juu ya parseli yako ni ushahidi kwamba ni yako. Asiye na hati ya serikali anajua kwamba akichelewa kurudi anaweza kukuta mtu mwingine amekwisha kusimamisha mbao.

Tatu, watu wanakumbuka kambi. Mwaka 1994 kipindupindu kiliua maelfu mengi ya wakimbizi kandokando ya Goma, na mawe ya lava yalifanya iwe vigumu kuchimba choo na hata kaburi. Mwaka 2002, tena, vita vilifanya wengi waogope kulala ng'ambo ya mpaka.

Nne, udongo wa volkano ya zamani unazaa sana. Mkulima wa Kibati anajua hatari ya mlima, na anajua pia ladha ya maharagwe yake.

Kwa hiyo anayetaka kuwasaidia watu hawa asianze kwa kuwauliza kwa nini wamerudi. Aanze kwa kuuliza wamerudi kwenye nini.

PARSELI ILIYOFUNIKWA

Lava haiachi ukuta, mti wala jiwe la mpaka. Mjini Goma, mwaka 2002, mahali pengi ilikuwa na unene wa mita moja au mbili. Nyumba iliyokuwa na ngazi mbili ikabaki na moja. Avenyu nzima zikawa uwanja mmoja mweusi. Hapo ndipo ugomvi mwingi unapoanza, kwa sababu kila mtu anaikumbuka parseli yake kuwa kubwa kidogo kuliko ilivyokuwa.

Kazi ya kutafuta mipaka upya ina utaratibu wake, ambao wazee wa mitaa wanaujua vizuri. Tunaueleza hapa kwa sababu unafaa hata mahali ambapo mipaka imefutwa na mafuriko, mmomonyoko au vita.

1. Watu wanaanza na kitu ambacho hakikusogea: nyumba ya orofa, kanisa, mahali barabara kubwa inapokatana na avenyu.

2. Kutoka hapo wanapima kwa kamba au mita, parseli moja baada ya nyingine, wakifuata vipimo vya zamani kadiri vinavyojulikana.

3. Majirani wa pande zote nne za kila parseli wanakuwepo. Asiyeweza kufika anamtuma ndugu anayejulikana.

4. Nyumbakumi, shefu wa avenyu na wazee walionunua wa kwanza wanasimama kama mashahidi.

5. Kila pembe inawekewa alama: rundo la mawe, rangi au chuma.

6. Mwisho inaandikwa karatasi, majirani wanatia sahihi au kidole, na kila mmoja anabaki na nakala.

Jambo la kukazia ni kupima avenyu yote kwa pamoja. Mtu mmoja akijipimia peke yake na akakosea mita moja, kosa lake linamsukuma jirani, jirani anamsukuma mwenzake, na wa mwisho kwenye avenyu anakuta parseli yake imemezwa. Avenyu ikipimwa yote siku moja, upungufu unaonekana na kugawanywa: kila mmoja anapoteza kidogo, na hakuna anayepoteza yote.

Sharti tukumbushe pia upande wa sheria. Kwa sheria ya ardhi ya tarehe 20 Julai 1973, ardhi ya Kongo ni mali ya taifa. Mwananchi anapata haki ya kuitumia, na hati yenye nguvu kamili ni cheti cha usajili kinachotolewa na ofisi ya ardhi. Wengi mitaani hawana cheti hicho. Wana karatasi ya kuuziana iliyosainiwa mbele ya shefu, na mara nyingi hata hiyo iliungua. Makubaliano ya majirani hayawi cheti, lakini ni mwanzo mzuri wa kwenda ofisini, na ni kinga dhidi ya mtu atakayekuja miaka mitano baadaye akisema alinunua mahali hapo.

Wanaohitaji ulinzi zaidi ni wajane na yatima. Tumeona mara nyingi kwamba siku ya kupima, mama aliyefiwa anaambiwa na shemeji zake akae kando, wanaume wazungumze. Kumbe yeye ndiye anayejua kisima kilikuwa wapi na jiko lilikuwa wapi, maana ndiye aliyeshinda pale kutwa. Tena sheria ya familia ya mwaka 1987, iliyorekebishwa mwaka 2016, inampa mjane haki ya kuendelea kukaa katika nyumba aliyoishi na mumewe, na inawaweka watoto kuwa warithi wa kwanza. Kikundi cha amani kinachosimamia upimaji kihakikishe jina la mama limeandikwa kwenye karatasi, si la shemeji peke yake.

MAWE NI YA NANI?

Lava iliyomfukarisha mtu ndiyo hiyohiyo inayomjengea. Ikipoa inakuwa jiwe gumu, na kuta nyingi za Goma ni za jiwe hilo. Vijana na akina mama wanapasua mawe kwa nyundo na kuuza kokoto. Lakini ugomvi unazuka: mwenye parseli anasema mawe yote yaliyo juu ya kiwanja chake ni yake, vijana wanasema mawe yametoka mlimani, hakuna aliyeyanunua.

Mapatano yanayodumu ni ya kubadilishana kazi. Vijana wanasawazisha parseli na kumwachia mwenyewe mawe ya kutosha msingi na ukuta. Yanayobaki wanauza wao. Mwenye parseli anapata mahali pa kujenga bila kutoa pesa, vijana wanapata mtaji bila kuiba. Kijana mwenye kazi ya mawe asubuhi hadi jioni, tena, hapatikani kwa urahisi na wale wanaotafuta watu wa kushika bunduki.

Kuna jambo moja la kuangalia. Juu ya lava mpya watu husimamisha nyumba ya mbao, kwa sababu haihitaji msingi wa kuchimba na inaweza kubomolewa na kuhamishwa. Mara nyingi mwenye parseli anamruhusu ndugu au rafiki aliyeunguliwa kuweka nyumba yake ya mbao pale "kwa muda". Muda huo usipoandikwa, unazaa kesi. Tumeshughulikia kesi ambazo mgeni amekaa miaka mingi, mwenye parseli amefariki, na watoto wa pande zote mbili kila mmoja anaamini kwa moyo mweupe kwamba mahali pale ni pa baba yake.

GARANTI, DENI NA LIKELEMBA

Mjini kwetu anayepanga nyumba anatanguliza garanti ya miezi kadhaa. Sheria ya mwaka 2015 juu ya kupangisha inasema isizidi miezi 3 kwa nyumba ya kuishi, ingawa wengi wanatozwa zaidi. Nyumba ikifunikwa na lava, mpangaji anadai garanti yake, na mwenye nyumba anajibu kwamba yeye amepoteza zaidi. Wote wawili wanasema kweli.

Sheria inasema kwamba nyumba ikiharibika yote kwa janga, mkataba unakoma wenyewe. Kwa hiyo mpangaji hadaiwi kodi ya miezi ambayo nyumba haipo, na garanti yake inabaki kuwa pesa yake. Lakini mwenye nyumba aliyebaki na nguo alizovaa atalipa kwa nini? Hapa upatanisho unafanya kazi kuliko mahakama. Wengine wamekubaliana kulipa kidogo kidogo. Wengine wamekubaliana kwamba nyumba ya mbao ikisimama, mpangaji yuleyule aingie na garanti ya zamani ihesabiwe. Lililo muhimu ni kwamba deni linatajwa na kukubaliwa, hata kama halilipwi leo. Mtu anavumilia kungoja kuliko kukanushwa.

Upande wa biashara, wanaowasimamisha watu tena ni akina mama wenyewe kupitia likelemba. Tuseme akina mama kumi wanachanga kila wiki, na kila wiki mmoja anachukua. Volkano inalipuka wiki ya tano. Watano wamekwisha kuchukua, watano bado, na bidhaa za wote zimeungua. Waliochukua wakiacha kuchanga, wenzao wameibiwa bila mwizi.

Vikundi vilivyopona vilifanya mambo matatu. Vilisimamisha mchango kwa majuma yaliyokubaliwa. Vilipunguza kiasi cha kuchanga, bila kubadili zamu. Na vilisoma daftari kwa sauti mbele ya wote, ili kila mmoja asikie amechanga ngapi. Wahenga walisema mali bila daftari huisha bila habari. Kikundi ambacho daftari lake liliungua kilitengeneza jingine kwa kukumbuka pamoja, na mtu alipotaja kiasi, wenzake ndio walikuwa mashahidi. Kundi la namna hii, likiwa na akina mama wa makabila mbalimbali, linafanya kazi ya amani kila juma bila kuiita hivyo.

MWENYEJI NA MGENI

Mwaka 2002 na mwaka 2021, wengi waliokimbia hawakulala kambini. Walilala kwa ndugu, kwa rafiki, kwa waumini wa kanisa au msikiti mmoja, na hata kwa watu wasiowajua. Msaada wa kwanza kabisa ulitolewa na familia maskini kwa familia nyingine maskini, kabla lori lolote halijafika.

Waswahili wana methali: mgeni siku mbili, siku ya tatu mpe jembe. Lakini mgeni huyu hana shamba la kulima, na mwenyeji naye ana vyumba viwili vyenye watu kumi na watano. Mambo yanayoleta uchungu ni madogo: maji yaliyochotwa yakaisha, makala yaliyonunuliwa kwa wiki yakamalizika siku mbili, watoto kupigana, choo kujaa. Baadaye msaada unakuja na kupewa "waathirika" peke yao. Mgeni anapata unga, mafuta na blanketi, na mwenyeji aliyemlisha mwezi mzima hapati kitu.

Ushauri wetu ni huu. Siku za kwanza kabisa, wakubwa wa nyumba zote mbili wakae waseme wazi: nani anachota maji, nani ananunua makala, tutaongea tena lini juu ya muda wa kukaa. Na mashirika yanayogawa msaada, pamoja na letu, yamhesabu mwenyeji kuwa naye ameathirika.

MAJI, CHOO NA MAZUKU

Lava ya mwaka 2021 iliharibu mabomba, na watu wapatao 500,000 wakapungukiwa maji. Watu walirudi ziwani na bidoni zao za njano, kama walivyofanya mwaka 2002. Maji ya ziwa yasipotiwa dawa huleta kipindupindu. Foleni ya bidoni nayo ni mahali pa ugomvi: wasichana kusukumwa, wenye nguvu kuchukua mbele, wenye mikokoteni kujaza bidoni ishirini mtu mwenye moja akiwa anangoja. Mitaa iliyochagua kamati ya maji, yenye akina mama ndani yake, iliweka masharti rahisi: wazee na wajawazito mbele, kila mtu bidoni mbili kwanza, wauzaji wa maji baada ya saa fulani.

Jambo jingine ni mazuku. Ni gesi nzito inayotoka ardhini na kukaa mabondeni na mashimoni, hasa upande wa magharibi wa Goma kuelekea Sake. Haionekani, haina harufu, na inazidi usiku na alfajiri pasipo upepo. Inaua mbuzi, na inaua mtoto anayelala chini. Wenyeji wa mahali wanajua mashimo yenye mazuku, lakini waliohamia jana hawajui.

Tunalitaja hili katika gazeti la amani kwa sababu kifo cha ghafla kisicho na jeraha hutafutiwa mtu wa kulaumiwa. Watu husema sumu, husema uchawi, na kidole kinaelekezwa kwa mwanamke mzee au kwa jirani wa kabila jingine. Kueleza mazuku ni nini, kuweka alama kwenye mashimo hayo na kuwaonya wageni siku wanapofika ni kuokoa uhai mara mbili: wa mtoto, na wa yule ambaye angesingiziwa.

ORODHA NA UVUMI

Hakuna karatasi inayotia watu hasira kama orodha ya msaada. Aliyeandika orodha anasema ameandika aliowakuta. Aliyekosa anasema wameandikwa ndugu za shefu. Dawa yake haina siri: orodha isomwe kwa sauti hadharani kabla ya kugawa, ibandikwe mahali watu wanapita, na iwe na siku mbili za kupokea malalamiko. Majina ya uongo huanguka yenyewe, maana jirani anajua nani ana nyumba na nani hana.

Uvumi nao ni kama tetemeko la pili. Mei 2021 simu zilijaa habari: mlima wa pili umelipuka, ziwa litapasuka usiku wa leo, wezi wa kundi fulani wanavunja nyumba za waliokimbia. Nyingine zilitoka kwenye woga, nyingine kwa wenye nia mbaya. Watu walikimbia mara mbili, wengine wakapoteana na watoto njiani. Vikundi vyetu vimezoea maswali matatu kabla ya kupeleka habari mbele: nani amesema? ameona mwenyewe? kituo cha uchunguzi wa volkano au redio wamethibitisha? Na kwa watoto, wazazi waliandika jina la baba, la mama na namba ya simu kwenye kitambaa kilichoshonwa ndani ya nguo ya mtoto. Ni kazi ya dakika kumi, na imewarudisha watoto nyumbani.

JANGA JUU YA JANGA

Watu wa Goma hawakupewa muda wa kupumzika. Kuanzia mwaka 2022, waliokimbia vita vya Rutshuru na Masisi walijaza kambi kuzunguka mji. Kanyaruchinya, kwa mfano, watu walifunga maturubai juu ya mawe ya lava. Mwishoni mwa Januari 2025 mapigano yaliingia mjini kwenyewe na kundi la M23 likauteka. Maji na umeme vikakatika, benki zikafunga milango, na mwezi wa Februari kambi zilivunjwa, watu wakarudi kwenye vijiji vilivyoharibika.

Siku zile tuliona watu wakichukua tena yale waliyojifunza kwenye volkano: bidoni na ziwa, daftari la likelemba, mwenyeji kupokea mgeni, maswali matatu ya uvumi. Na sasa wanaorudi vijijini wanakuta mashamba yao yamelimwa na wengine na mipaka haionekani. Utaratibu wa kupima na majirani wa pande nne unahitajika huko kuliko popote, ingawa huko ni mgumu zaidi, maana lava haina mtu wa kuogopwa, na vita vinaye.

MAPENDEKEZO YETU

Kwa familia: tunzeni nakala ya karatasi za parseli kwa ndugu anayekaa mji mwingine, au piga picha uhifadhi. Kila mtoto ajue jina kamili la wazazi wake na mahali pa kukutania.

Kwa manyumbakumi na mashefu: pimeni avenyu yote pamoja, andikeni, na majina ya wajane yawemo.

Kwa vikundi vya akina mama: wekeni kanuni ya janga katika daftari kabla janga halijaja.

Kwa mashirika: someni orodha hadharani, na mhesabuni mwenyeji.

MASWALI YA KUJADILIANA KATIKA KIKUNDI

1. Katika avenyu au kijiji chetu, ni alama gani ambayo haitasogea hata kama nyumba zote zikianguka?

2. Ni nani kati yetu amempa mtu mahali pa kukaa bila kuandika? Tunaweza kuandika juma hili, wote wawili wakiwa hai?

3. Likelemba yetu itafanya nini kama soko likifungwa mwezi mmoja?

4. Kama mtoto akifa ghafla katika mtaa wetu, tutauliza nini kabla ya kumtaja mtu?

Tunawaomba viongozi wa vikundi wasome makala hii kwa sauti kwa ajili ya wale wasiojua kusoma, kisha watuletee majibu katika mkutano unaofuata. Majibu yenu ndiyo yatakayotusaidia kuandika toleo linalokuja.